Mrejesho: Kuhamia Mwanza na kumwacha mama mjane Tanga

Niliuliza nihamie vipi Mwanza kikazi bila mama, aliyefiwa na baba, kujiona katelekezwa. Asanteni sana. Kilichosaidia ni kumkabidhi kazi nilizokuwa namfanyia, moja moja, kabla ya kuondoka. LUKU (umeme wa kulipia kabla) kwanza: namba ya mita, tarakimu 11, imeandikwa kwa wino mzito pembeni ya mita. Anapiga *150*00#, analipa kwa M-Pesa, kisha anaingiza mwenyewe kwenye mita zile tarakimu 20 za tokeni anazotumiwa. Namba ya siri ya M-Pesa kaibadilisha, siijui, na ndivyo inavyotakiwa. Ugumu uko kwangu: akikwama natamani kumnunulia, ila nikifanya hivyo anaacha kujaribu. Simu napiga baada ya Isha. Mchana yuko kwenye kikoba chake (kikundi cha kuweka na kukopa), hapendi kuulizwaulizwa kama kala.