Risala ya kubuni kuhusu sauti na uchawi: niiwekee mipaka gani?

Kalamu_ya_Kibokoni
Salaam wakuu. Kwenye riwaya yangu ya fantasia kuna mwanachuoni wa mji wa bandari aliyetunga kitabu kiitwacho Risala ya Mivumo, na nataka kurasa zake zisomeke ndani ya hadithi. Kanuni yake ni moja: kila kitu kina mvumo wake, na mchawi akiutoa mvumo huo sawasawa, kitu kinamtii. Shida ni kwamba kwa kanuni hii mtu anabomoa ngome akiwa amelala kitandani. Nimzuie vipi bila ile ya "nguvu zikamwishia"? Na kurasa zenyewe niziandikeje zifanane na kazi ya msomi? Hali ya hewa ya mji huo ni kama ya Mombasa.

Mawimbi_Nyali
Ndugu, kizuizi unacho tayari: ni tabia ya sauti yenyewe. Kitu hutikisika zaidi kikipigiwa sauti iliyo sawa na ya kwake, hilo ni kweli hata katika dunia yetu. Chukua bilauri nyembamba ya kioo. Igonge kwa kucha, inakutajia sauti yake. Mwimbaji akiishika sauti hiyohiyo, mdomo karibu kabisa na ukingo, kwa ukali unaopita desibeli 100, inaweza kupasuka. Akikosea hezi (mitikisiko kwa sekunde) chache tu, haina habari naye. Ukiitia maji, sauti yake inashuka, na aliyeisoma ikiwa tupu hana tena jina la kuiitia. Ukiizungushia kitambaa, inazimika. Kwa hiyo walinzi wa mji wako wana kinga mbili za bei rahisi.

Umbali nao ni adui. Mahali pa wazi, kila umbali ukiongezeka mara mbili unapoteza desibeli 6. Zilizokuwa 100 kwa mita 1 ni 94 kwa mita 2, na kwa mita 16 zimebaki 76. Ngome ndiyo kabisa: ukuta mnene wa matumbawe na chokaa, kama wa Fort Jesus, ukigongwa hutoa kishindo kifupi kinachokufa papo hapo. Kisicholia hakiitiki.

Usisahau bahari, maana mji ni wa bandari. Sauti ya hewani ikifika kwenye maji karibu yote hurudishwa juu. Mchawi anayemtaka mpiga mbizi itabidi agonge kitu kilichomo majini, tuseme ubavu wa jahazi. Hapo sauti itakwenda kama mita 1,500 kwa sekunde, ilhali hewani, kwenye joto la nyuzi 30, ni 349.

Mwamba_Ngoma
Sawa kabisa, ila ala zimeachwa, na utamu wote uko huko.

Ngozi hunywa unyevu. Masika yakiingia chapuo hulegea na sauti inashuka. Mpigaji huielekeza ngozi kwenye makaa, si kwenye ndimi za moto, huku akiizungusha na kuipiga kidogokidogo mpaka ilie anavyotaka. Akiisogeza mno inachanika ukingoni, pale ilipopigiliwa vigingi. Na hata ikikaa sawa, mkazo ule si wa kudumu, unyevu utaurudia. Upatu wa shaba haujui masika wala kiangazi. Hapo umepata madaraja mawili ya uchawi bila kubuni chochote: wa ngozi una saa zake, wa shaba unangoja.

Ala za kupuliza hufuata joto. Siwa ya mita 2 hivi, kwa nyuzi 30, sauti yake ya chini kabisa ni kama hezi 87. Zumari inayotoa 600 alfajiri kwa nyuzi 25 itatoa kama 605 mchana kwa nyuzi 30. Kwa bilauri ya ndugu Mawimbi, hizo 5 ni kukosa kabisa. Mpulizaji hodari huirudisha kwa midomo, na hapo ndipo mchawi anapojulikana na mwanafunzi.

Bi_Hashia
Mwanangu Kalamu, ondoa hezi na desibeli kwenye Risala yenyewe, mji huo hauna saa ya kuzihesabu. Msomi wako apime kwa uzi: nusu ya uzi hutoa sauti ileile iliyopanda daraja zima (oktava), theluthi mbili hutoa ya tano yake. Umbali ataje kwa shibiri, mkono na pima (shibiri mbili mkono, mikono minne pima).

Ikhwan al-Safa, kundi la wanafalsafa wa Basra, karne ya 10, waliiweka risala yao ya muziki katika fungu la hisabati. Na wako awe mtu wa hesabu, si wa mafumbo. Kisha panga ukurasa kama vitabu vya chuoni: matini katikati, hashia ya msomi wa baadaye pembeni, akipinga. Mfano:

*Suala: Chombo kilichojaa huitika kama kitupu? Jawabu: Hapana. Kijaze nusu, ukigonge upya, ndipo ukiite.*
*Hashia: Kauli hii ni ya maji. Cha mchanga hakiiti wala hakiitiki.*

Ukurasa wa namna hiyo unamwonyesha msomaji mpaka bila wewe kumweleza.

Kalamu_ya_Kibokoni
Shukrani sana, hasa kwa hashia, nimeona njia. Swali la mwisho: uzi wa kupimia ukikatika, msomi wa mji mwingine atajuaje sauti ileile?

Mwamba_Ngoma
Risala itaje mambo matatu: urefu, unene, na uzito wa jiwe linaloning'inia kuuvuta. Unene uleule, urefu uleule, jiwe la ratili moja, sauti ni ileile. Angalia hesabu hapa, watu wengi huikosea: kupandisha daraja zima kwa mkazo hakutaki mawe mawili, kunataka manne, na uzi dhaifu hukatika kabla. Uwe wa shaba. Wa utumbo utakunywea unyevu kama ngozi, na kipimo kitahama kila msimu.