Programu ya kuendeshea rauta ya zamani haifunguki kwenye laptopu mpya

Fundi_Mwanga: Shikamooni wakubwa. Nipo Kigoma, Mwanga. Kuna gesti naihudumia, ina rauta ya Cisco 1841 na swichi ya Catalyst 2960. Aliyezifunga kahamia Dar, akaniachia laptopu ya Windows XP yenye SDM, ile programu ya kuiseti rauta kwa kubofyabofya. Umeme umekatika na kurudi, laptopu ikafa. Kwenye Windows 10 dirisha linabaki jeupe tu. Mama mwenye gesti anataka kompyuta ya mapokezi itengwe na wifi ya wageni, na mimi amri za kuandika sizijui. Paswedi ninayo, ilikuwa imeandikwa kwa maka pen chini ya rauta (ndiyo, najua).

mzee_wa_waya: Marahaba. SDM inataka Internet Explorer na Java za enzi zile. Chrome iliitupa Java 2015, Firefox 2017, Explorer yenyewe ikastaafishwa Juni 2022. Weka VirtualBox, programu ya kuendesha kompyuta nyingine ndani ya kompyuta yako, ndani yake XP na Java 6. Iunganishe na rauta tu, intaneti isiione kabisa.

Mnyamwezi_IT: Mzee, ya nini kufukua kaburi? Fundi, tafuta kebo ya konsoli, ile bapa ya bluu ya kuunganisha laptopu na rauta moja kwa moja, na adapta ya USB. Fungua PuTTY, programu ya kuandikia amri, spidi 9600. Andika "terminal length 0" (maandishi yatoke yote bila kusimama), halafu "show running-config" (inaonyesha mipangilio inayotumika), kopi yote ubandike Notepad kabla hujagusa kitu. Siku ukiingia kwa mbali, tanguliza "reload in 10": ukijifungia nje, baada ya dakika kumi inajiwasha upya na kurudi ilivyokuwa, mradi hujasevu. Mambo yakikaa sawa, "reload cancel". Mimi hilo nililijua baada ya kuikata swichi ya mteja wa asali hapa Tabora, nikapanda pikipiki usiku kwenda kuizima kwa mkono.

Fundi_Mwanga: Kebo nimeazima kwa jamaa wa stationery, Ujiji. Kumbe VLAN 20 (yaani mtandao uliotengwa ndani ya vifaa vilevile) ya wageni ilishaandikwa, kwenye rauta na kwenye swichi, ila hakuna porti hata moja iliyowekwa humo! Wifi ipo porti ya 7, nimeandika "switchport access vlan 20", nikajaribu kwa simu yangu, kompyuta ya mapokezi haionekani tena. Nimesevu. Mama kanipa migebuka miwili, hela kasema mwisho wa mwezi.