Tupeane uzoefu: laini ya umeme ikipita kwenye ploti yako (Nairobi na viunga vyake)

Uzi huu ni wa masavea, mawakili na wathamini wanaoshughulikia mizozo hii kila siku. Ruai, Kamulu na Utawala ploti hukatwa kabla barabara kuchongwa, kisha nguzo zinafika. Tupeni vipimo, karatasi zinazohitajika, na mahali kesi hukwama.

Savea, Eastlands
Anzeni na bikoni, yaani alama za mipaka ya ploti. Mchoro wa laini huonyesha nguzo ziko kwenye akiba ya barabara (ardhi iliyotengewa barabara), lakini bikoni ziling'olewa zamani na mafundi wakakadiria kwa macho. Savea aliyesajiliwa arudishe bikoni, aandike ripoti, ndipo mbishane.

Laini ya volti 11,000 huhitaji ukanda wa meta 10, yaani 5 kila upande kutoka katikati. Ploti ya futi 50 kwa 100 ina upana wa kama meta 15. Laini ikifuata mpaka wa ule urefu, theluthi ya ploti haijengeki. Tazameni pia stei: laini inapopinda, nguzo hushikiliwa na waya uliozikwa kando. Watu hugombania nguzo iliyo nje ilhali nanga ya stei iko langoni mwao.

Wakili wa ardhi
Sheria ya Kawi ya 2019 inataka ruhusa ya mwenye ardhi kabla ya mtu kuingia kupima au kujenga, na ombi lije kwa notisi inayoeleza kazi yenyewe. Mwenye ardhi naye hapaswi kukataa bila sababu ya maana. Kwa hiyo barua ya "sitaki" haina nguvu. Taja sababu, ambatisha nakala ya hati na ripoti ya savea, na uchore njia mbadala. Ipeleke kwa mkono, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa.

Kinachowaangusha wengi ni kukimbilia Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Malalamiko ya njia za nyaya huanzia kwa kampuni ya umeme yenyewe, kisha EPRA (mamlaka inayosimamia kawi na petroli), kisha rufaa kwa Jopo la Kawi na Petroli ndani ya siku 30. Ukiruka ngazi, kesi inaweza kutupwa bila fidia kuguswa, na muda unakwisha: dai la kuingiliwa ardhi lina miaka 3, hata kama wengine hubisha kwamba uvamizi unaendelea kila siku nguzo ikisimama. Msiwekee tumaini lenu kwenye hoja hiyo.

Umeme ukishawashwa, kung'oa laini ni vigumu mno. Mahakama hutazama waliounganishwa, na mara nyingi wewe utaelekezwa kwenye pesa.

Mthamini
Basi pesa hizo zipiganiwe vizuri. Piga picha zenye tarehe kabla miti haijakatwa, uhesabu mti mmoja mmoja kwa aina na ukubwa. Ripoti itenganishe ardhi, mazao na majengo. Ukiweka jumla moja, upande wa pili utaupinga mzigo mzima. Fomu ya malipo isomwe hadi mwisho: zipo zinazofuta madai yote ya baadaye, na mtu hutia sahihi kwa pesa za miti tu.

Swali: Upekuzi kwenye Ardhisasa (mfumo wa serikali wa rekodi za ardhi mtandaoni) ukionyesha hati safi, mnunuzi yuko salama?

Wakili wa ardhi
Hapana. Kifungu cha 28 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinazitambua laini za umeme zilizowekwa kisheria hata zisipoandikwa kwenye hati. Nenda ploti, inua macho, kisha mdai muuzaji nakala ya ruhusa ya laini kabla hujalipa amana. Akiikosa, ufunge mkataba kwa sharti la kuileta.