Dari ya plastiki inayong'aa imeshika mafuta, nisafisheje?

Mama Wawili: Wakuu, habari za leo. Tumehamia nyumba huku Tabata, jiko limeungana na sebule. Dari si ya jipsamu, ni ile ya plastiki laini iliyovutwa kama ngozi ya ngoma, nyeupe, inang'aa. Taa zikiwaka jioni, upande wa jiko unaona kabisa utando wa njano wa mafuta, na vumbi limenasa juu yake. Dada wa kazi anataka kupanda na stilwaya na sabuni ya unga. Nimemzuia kwanza. Naombeni ushauri.

Fundi Dari: Umefanya vizuri sana kumzuia, dada. Plastiki hiyo ni nyembamba, nyingi hazifiki hata milimita 0.3, na ikishakwaruzika ndiyo basi tena. Toa vumbi kwanza kwa kitambaa kikavu cha pamba. Kisha maji ya uvuguvugu na sabuni kidogo ya maji ya kuoshea vyombo. Kamua kitambaa mpaka kisichuruzike. Futa kwa mkono mwepesi, kuelekea upande mmoja, usizungushe. Vua pete na saa, na ngazi isiguse dari. Halafu kausha papo hapo. Kama mnatumia maji ya kisima yenye chumvi, yakikaukia pale yataacha madoa meupe, na kwenye dari inayong'aa yanaonekana ukiwa mlangoni.

Mzee wa Kimara: Naongezea. Mafuta yakigoma, tumia dawa ya kusafishia vioo. Puliza kwenye kitambaa, si kwenye dari, na jaribu kwanza kona isiyoonekana. Tina, petroli na asetoni marufuku, vinaila plastiki.

Mama Wawili: Ahsanteni sana, Mungu awabariki. Chumbani ipo ya kitambaa, haing'ai. Nayo naosha hivyo hivyo? Halafu bafu la watoto liko juu ya sebule, naogopa bomba likipasuka.

Fundi Dari: Ya kitambaa usiiloweshe. Futa vumbi, doa ligonge taratibu kwa kitambaa chenye unyevu tu, ukisugua linasambaa.

Kuhusu bomba, sikiliza vizuri maana hapa watu wanaumia. Maji yakimwagika juu, plastiki hujaa na kuning'inia tumbo. Inaweza kubeba maji mengi bila kupasuka. Zima umeme kwenye meinswichi, funga maji, toa watoto hapo sebuleni. Usitoboe kwa kisu wala sindano, itachanika yote na maji yatawashukia kwa mkupuo. Wala usilisukume tumbo kwa ufagio, maji yatahamia kwenye taa. Ita fundi. Atafungua tundu la taa, ayaongoze maji taratibu hadi kwenye ndoo, aache juu pakauke, kisha aipashe moto kwa hita yake. Mara nyingi inanyooka na kurudi ilivyokuwa.

Mama Wawili: Nimeelewa, kaka. Jumamosi naanza na upande wa jiko.