Mjadala: Rekodi ya Bob Gibson ya 1968, ni mkono wake au ni tuta?

Mwenge: Wadau wa besiboli, mwaka 1968 Bob Gibson wa St. Louis Cardinals aliruhusu wastani wa pointi 1.12 tu kwa kila raundi 9. Mwaka uliofuata tuta la mrushaji, yaani kilima kidogo anachosimama akirusha, likashushwa kutoka inchi 15 hadi 10, na eneo la straiki, ambamo mpira ukipita bila kupigwa humhesabia mpigaji kosa, likabanwa. Je, rekodi ile ni ya mkono au ya tuta?

Pwani14: Ya tuta. Mwaka ule wapigaji waliteseka kote. Bingwa wa upigaji wa American League, moja ya ligi kuu mbili za Marekani, Yastrzemski, alimaliza na wastani wa .301, yaani kama mipigo 3 iliyofaulu katika kila 10. Mpira ukitoka juu hushuka kwa mteremko mkali, gongo halipati muda wa kukutana nao. Na ukitazama mkanda wa fainali dhidi ya Detroit, Gibson anarusha taratibu kuliko vijana wa sasa.

Kasule: Taratibu? Siku ile, Oktoba 2, alitoa wapigaji 17 kwa straiki tatu kila mmoja, na rekodi hiyo ya fainali haijavunjwa. Umepima kwa nini, mkuu?

Pwani14: Kwa macho.

Kasule: Macho yanadanganywa na lenzi. Kamera iliyo mbali, nyuma ya mrushaji, hubana umbali, mpira ukaonekana kama umesimama. Hesabu fremu. Toka vidoleni hadi kwa mpigaji ni kama futi 55.

Jembe: Nimehesabu nakala ya fremu 24 kwa sekunde. Fremu 9, maili 100 kwa saa. Tumemaliza.

Kasule: Hatujamaliza. Fremu 9 ni maili 100, fremu 10 ni maili 90. Ukikosea fremu moja umepoteza maili 10! Tena huo ni wastani wa njia nzima; mpira hupungua kasi ukiwa hewani. Na televisheni ya Marekani ilikuwa ya fremu 30, kwa hiyo nakala yako ya 24 imeshatupa baadhi.

Jembe: Usinifundishe kuhesabu.

Mwenge: Jamani, tuta! Mwaka 1969, juu ya tuta la inchi 10, Gibson alipata wastani wa 2.18 katika raundi 314.

Pwani14: Umejijibu mwenyewe. Ni karibu mara mbili.

Nyota_ya_Kusini: Mbona humwoni wa 1970? Tuta lilelile la chini, ushindi 23, Cy Young, tuzo ya mrushaji bora, ya pili. Na 1968 wote walipanda inchi 15, ila 1.12 akaipata mmoja. Tuta halikumchagua.

Pwani14: 1970 wastani wake ulikuwa 3.12. Sema yote, dada.

Nyota_ya_Kusini: Nimesema ushindi. Wewe ulisema "taratibu", hujaifuta.

Jembe: Nimerudia polepole. Katika fremu ya kwanza mpira umeshaachana na vidole, una kama upana wa kiganja hewani. Basi ni 9 na ushee.

Kasule: Huo ushee ndio tunaougombania.