Nimeitwa kusimamia mavazi kwenye filamu, na mimi ni mwigizaji. Nikubali?

Binti wa Rau
Shikamooni wakubwa. Nipo Moshi, nina miaka 23, nimeshacheza filamu mbili fupi. Dairekta mmoja ameniambia nafasi za kuigiza zimejaa, ila nikitaka nishike mavazi siku 12. Wenzangu wanasema nikionekana nabeba mabegi ya nguo sitaitwa tena mbele ya kamera. Mngekuwa nyie mngefanyaje?

Mama wa Njiro
Marahaba mwanangu. Nenda. Mimi naigiza na mavazi nashika, na kuigiza nimejifunzia kwenye mavazi.

Kazi yangu ya kwanza nilichagua nguo za mitumba pale Memorial, nikadhani nimemaliza. Kumbe filamu haishutiwi kwa mfuatano wa hadithi. Jumatatu tulimshuti mama anatoka kwake, fundo la kanga liko kulia. Ijumaa akaingia sokoni, kwenye hadithi ni siku ileile, fundo liko kushoto. Sikuwa nimempiga picha. Tukarudia sini nzima ya soko huku jua linazama, na wachuuzi wanataka kufunga. Niliumia sana. Tangu hapo kila sini nampiga mtu picha mbele, nyuma na mikononi, naandika namba ya sini kwenye daftari.

Ukikaa hapo unaona mengi. Mtu analia machozi ya kweli, lakini kikombe alikishika kwa kulia, kamera ilipomsogelea akakishika kwa kushoto. Mhariri hana la kufanya, machozi yale yanatupwa. Siku hizi nikiigiza mikono yangu naijua ilipo.

Na hao wenzako wakumbushe Lupita Nyong'o, mwigizaji wa hapo Kenya tu. Alifanya kazi nyuma ya kamera kwenye filamu ya The Constant Gardener, iliyotoka 2005. Mwaka 2009 akaongoza filamu yake mwenyewe kuhusu ualbino, mwaka huohuo akaigiza kwenye tamthilia ya Shuga. Tuzo ya Oscar ya uigizaji ilikuja 2014. Kubeba vitu hakukumzuia.

Fundi Taa
Dada, mama kasema kweli. Ila kabla hujagusa hata hanga, malipo yaandikwe, na iandikwe kwamba jina lako litatokea mwishoni mwa filamu. Mimi nilishika taa wiki mbili Usa River kwa maneno ya mdomo. Filamu ilipotoka nilikaa na familia kuisubiri orodha ya majina. Simo.

Binti wa Rau
Asanteni sana. Mama, nikiwa huko naweza kuomba hata kasini kadogo?

Mama wa Njiro
Siku za kwanza usiombe. Sikiliza mazoezi, mistari ya wote ikukae kichwani. Mimi nilipata siku mwigizaji wetu wa nafasi ya muuguzi alipokwama Himo, basi limeharibika. Gauni lake ninalo mimi, maneno yake ninayo. Dairekta akaniangalia, nikaenda kuvaa. Lilinibana mabegani halikufungika, nikalishika kwa pini mgongoni, nikacheza sini nzima bila kuipa kamera mgongo.