Huyu jamaa na makamera yake leo KANIFIKISHA (Modi msiuunganishe uzi huu)

Mpole_wa_Tabata

Wakuu, naandika huku mikono inatetemeka, mkikuta herufi zimeruka mjue ni hasira. Nimetoka pale sasa hivi. Sijala, sijavua viatu. Wife kaniuliza kuna nini, nimemjibu "hamna kitu" kwa sauti iliyoniogopesha hata mimi.

Simtaji mtu. Hakuna haja, wote mnamjua. Yule yule wa geti la bluu, mwenye duka, mwenye mbuzi, mwenye "mimi usalama kwanza". Huyo huyo.

Alianza na kamera moja mlangoni mwa duka, tukampongeza, vibaka walikuwa wamezidi. Sasa anazo nane. NANE! Benki Kuu pale Mirambo wakimwona wanaona haya. Moja inaangalia duka. Moja inaangalia ile inayoangalia duka, isije ikaibiwa. Zilizobaki zinaangalia maisha yetu. Ukipiga chafya mtaani kwetu yeye anajua umepiga ngapi na ulikuwa umemwelekea nani. Iliyo mbaya kuliko zote kaipandisha kwenye bomba refu kupita ukuta, inatazama uani kwangu moja kwa moja: bafu la nje, kamba ya nguo, jiko la mkaa, na lile benchi ninalokaa nikiwa sina hela.

Leo mapumziko ya mechi tuko pale dukani kwake, watu wamejaa hadi barabarani, bodaboda wote wamezima pikipiki. Refa kapuliza, jamaa akachukua rimoti. Nikajua anatafuta taarifa ya habari. Kumbe mashine yake ya kurekodia kaiunga kwenye tivii hiyo hiyo! Skrini ikagawanyika viboksi tisa, vinane vina picha, kimoja cheusi. Na kiboksi cha sita kina jina. Kaandika mwenyewe, kwa herufi kubwa: JIRANI.

Akasema, "Jamani tulieni, kuna kipindi." Akafungua asubuhi ya leo.

Ni mimi. Nimetoka kuoga, nimejifunga kanga ya mke wangu. Mbuzi WAKE kavuka ukuta anatafuna suruali YANGU ya kazini pale kwenye kamba. Nikamkimbiza. Kanga ikanasa kwenye msumari. Yaliyofuata siandiki humu, kuna watoto.

Watu wakacheka. Sawa, ni binadamu, hata mimi ningecheka ingekuwa ni yeye. Nikajua yameisha.

AKARUDISHA NYUMA.

Wakuu, alirudisha nyuma. Ananiona, nimekaa mbele yake, nimeshika soda aliyoniuzia yeye mwenyewe, na anarudisha nyuma. Halafu akavuta picha karibu mpaka maandishi ya kanga yakasomeka, na umati mzima ukasoma kwa pamoja kama darasa la pili: HASIDI HANA SABABU. Kuna mzee pale hata bango la daladala huwa anasomewa. Leo alisoma.

Kipindi cha pili kikaanza, hakuna aliyejua. Goli limefungwa, hakuna anayejua kafunga nani.

Sitaki ushauri. Nataka mnisaidie kukasirika.

Kijiwe Namba Moja

Nimewahi siti ya mbele. Uzi tayari.

mama_wawili

Pole kaka yangu. Kanga ikanasa kwenye msumari, halafu?

Dogo Tozo

Bila video hii ni chai.

Mtoto wa Kimara

Ngoja kwanza, geti la bluu na mbuzi? Kumbe kahamia Tabata! Alikuwa kwetu Kimara huyo, aliweka kamera mpaka kwenye mwembe. Embe likidondoka anakuja na ushahidi nani kaokota.

Kapilipili

Huyo hajahama popote, yuko Mbagala tangu zamani, mimi jirani yake. Ila geti ni la kijani.

Msukuma Halisi

Yupo Mwanza. Namuona sasa hivi hapa kafunga duka anaangalia simu. Anaangalia kamera.

Fundi Nyaya

Mimi nafunga hivi vitu, Kariakoo mpaka Chanika, kwa hiyo niongee kitaalamu. Mtoa mada unatudanganya. Kamera nyingi za bei ya chini ni za megapikseli 2. Kwa umbali wa kuvuka ukuta mpaka kwenye bafu, maandishi ya kanga hayasomeki. Na kuvuta picha baada ya kurekodi hakuongezi kitu, unakuza vidoti tu. Mbuzi naweza kukubali. Maandishi, hapana.

Mpole_wa_Tabata

@Fundi Nyaya kwa hiyo mimi kanga ya mke wangu siijui? Watu hamsini wamesoma kwa sauti, wewe uko Chanika unaniambia vidoti?

Fundi Nyaya

Basi ni ya megapikseli 8, na hapo jamaa kajipanga. Kuna kitu wateja hawakiulizi kabisa: kwenye mipangilio unaweza kuchora kiboksi cheusi kikafunika eneo la jirani, na mashine hailirekodi kamwe. Ni kazi ya dakika mbili. Wanachouliza wao ni "inaona mpaka wapi?" Ukiwaambia inaishia getini wanapunguza hela. Zamani kazi hii ilikuwa ya mabenki, mahoteli na balozi. Leo nafunga saluni, bucha, msikitini, kanisani, kwenye mabanda ya kuku. Kuna hadi kamera ya umbo la balbu, unaizungusha kwenye holda ya taa inaanza kutuma picha kwenye simu. Huhitaji hata fundi, na ndiyo inayoniua njaa.

mama_wawili

Sawa fundi, lakini ikanasa kwenye msumari, HALAFU?

Wakili wa Kijiweni

Ndugu, mimi nitakukasirikia kisheria. Ibara ya 16 ya Katiba inalinda faragha yako na ya maskani yako. Tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, imeanza kutumika Mei 1, 2023, na Tume yake Rais aliizindua Aprili 3, 2024. Picha inayokutambulisha ni taarifa yako binafsi. Mtu akiweka kamera kulinda duka lake tunamwelewa. Akiielekeza bafuni kwako, akaipa jina JIRANI, akawaonyesha wateja wake wakati wa mapumziko, huo ulinzi ni wa kitu gani? Andika malalamiko Tume kwa maandishi.

Dogo Tozo

Tume iache kazi zote ikaangalie kanga imenasa kwenye msumari. Itabidi na wao warudishe nyuma.

Mpole_wa_Tabata

Msilitumie hilo neno. Nawaomba. Narudia, ALIRUDISHA NYUMA WAKATI ANANIONA. Angefanya nisipokuwepo ningesema umbea. Alinitazama machoni, akabonyeza.

Bibi wa Ughaibuni

Poleni. Huku Uingereza mwaka 2021 mahakama moja ya Oxford iliamua jamaa mmoja kavunja sheria kwa jambo la aina hiyo, kengele ya mlangoni yenye kamera pamoja na kamera nyingine zilizomfikia jirani. Kilichomponza zaidi ni sauti, zilinasa maongezi ya mbali kuliko anavyohitaji mtu kulinda mlango wake. Kaka, ya kwako inarekodi na sauti?

Mpole_wa_Tabata

Sijui. Sikusikia sauti, watu walikuwa wanacheka.

Kapilipili

Oxford! Dada, huku kesi za mbuzi zinaishia kwa mjumbe.

Mpole_wa_Tabata

Mjumbe alikuwepo. Mjumbe ndiye aliyesema "hebu rudisha".

Kijiwe Namba Moja

Nimeanguka kwenye kiti. Mjumbe!

Otieno wa Umoja

Hapa Nairobi watu wamelipishwa. 2023 kamishna wa data alipiga klabu moja faini ya shilingi milioni moja na laki nane na nusu, sababu ilipachika picha ya mteja mtandaoni bila ruhusa yake. Shule nyingine ikalimwa zaidi ya milioni nne na nusu juu ya picha za watoto. Lakini shida yangu si hiyo. Mwenye ploti wetu ameweka kamera kwa ngazi. Mgeni akilala kwako siku mbili, mwisho wa mwezi unaambiwa nyumba yako sasa ni ya watu wawili, maji imepanda. Nilimwambia ni dada yangu. Akasema, "Huyu wa Jumanne ama yule wa Ijumaa?" Mke wangu alikuwa amesimama hapo.

mama_wawili

Otieno, usiishie hapo! Wa Ijumaa ni nani?

Otieno wa Umoja

Binamu.

Muuza Vitenge

Nyie mna raha, kamera zenu zinanyamaza. Ya kwetu dukani Kariakoo INAONGEA. Bosi yuko Guangzhou kafuata mzigo, huku saa nne asubuhi, kwake huko saa tisa alasiri, ghafla sauti inatoka darini: "Wewe, mbona umekaa?" Mteja akatupa kitenge akakimbia, akajua ni jini. Nikila, "Unakula nini, mbona hakiishi?" Wiki iliyopita mtandao ulikata, nikalala usingizi ambao sijaupata tangu nizaliwe.

Dada wa Mikocheni

Heri yako anakuambia. Mimi ni dada wa kazi, kamera iko jikoni imefichwa kwenye saa ya ukutani. Niliigundua kwa sababu saa haijawahi kusonga. Mama akirudi jioni hasalimii, anasema, "Sukari vijiko vinne?" Chumbani kwangu sijaikuta, ila nalala nimejifunika gubigubi hata joto la Januari.

Wakili wa Kijiweni

@Dada wa Mikocheni ya kufichwa ni mbaya kuliko zote zilizotajwa humu. Kufanya kazi kwa mtu hakumpi ruhusa ya kukurekodi kwa siri. Njoo inbox.

Dogo Tozo

Wakili kaanza kutafuta namba za wadada.

Fundi Nyaya

Na nywila je? Nauliza kwa sababu ninapokwenda kutengeneza nakuta nyumba saba kati ya kumi nywila ni ile ile iliyotoka nayo kiwandani. Kila mtu anaijua. Mwaka 2016 kirusi kiitwacho Mirai kiliteka makamera na maruta ya namna hiyo duniani kwa kujaribu tu nywila za kiwandani, mwezi wa kumi kikaangusha tovuti kubwa kubwa Marekani. Kwa hiyo mama wa sukari, hajui ni nani mwingine anahesabu vijiko.

Mpole_wa_Tabata

Jamani turudi kwenye mada. Kuna mtu kanitumia klipu. Imeshaingia grupu la mtaa. Wameiwekea muziki.

mama_wawili

Itupie humu basi tukusaidie kukasirika.

Mtoto wa Kimara

Nimeiona. Wakuu, mbuzi ndiye staa. Mkimtazama, hakuacha suruali hata sekunde moja.

Kapilipili

Suruali italipwa? Maana ushahidi anao mwenyewe mwenye mbuzi.

Mpole_wa_Tabata

HICHO ndicho nilichomwambia! Akasema hiyo sehemu imejifuta.

Fundi Nyaya

Haiwezekani. Diski ikijaa inafuta za zamani kwanza, ya leo haijifuti. Kafuta kwa mkono.

Salma wa Ilala

Mimi swali langu dogo. Hizo kamera nane, mashine, tivii, usiku na mchana, umeme nani analipa? Kwa sababu sisi mwenye nyumba kafunga nne, kaziunga kwenye mita yetu wapangaji, na LUKU tunachanga kwa kichwa. Sasa nalipia kunirekodi.

Kijiwe Namba Moja

Umegusa penyewe Salma. Mita moja wapangaji sita ni vita ya tatu ya dunia.

Fundi Nyaya

Kamera inakula kidogo sana, haifiki hata balbu ya zamani. Msizisingizie. Tafuteni mwenye pasi.

Salma wa Ilala

Hatuna mwenye pasi. Tuna mwenye friji mbili anayeuza barafu na anachanga sawa na mimi mwenye redio.

Muuza Vitenge

Mwenye barafu alipe nusu. Hii haina mjadala.

Baba Barafu

Naona nasemwa humu. Salma, redio yako inaongea tangu adhana ya alfajiri, na hita ya maji ya kuoga ni ya nani? Au nimtaje?

Salma wa Ilala

Nitaje! Nitaje hapa hapa!

Dogo Tozo

Kumbe mnakaa nyumba moja? Kijiwe, nishikie siti.

Mpole_wa_Tabata

Wakuu, mimi bado nipo.

Otieno wa Umoja

Hita inakula stima sana, hapo Baba Barafu ako na pointi.

Salma wa Ilala

Hita nawasha dakika tano. Barafu inalala na kuamka. Na juzi yuniti zimeisha saa tano usiku, nani alikwenda kununua? Mimi. Kwa hela yangu ya nauli.

Baba Barafu

Risiti iko wapi? Tupia hapa tujumlishe.